Mwanamke Asiyejua Kukaa

Alikuwa na miaka thelathini na tisa, na kukaa kulimshinda. Msicheke. Hata mtoto wa miezi sita hukaa akiwekewa mto nyuma, lakini Unyoya, aliyecheza dansi ya balei miaka ishirini, alikuwa anahangaishwa na kiti cha mbao chenye miguu minne.

Jina hilo alipewa na mama yake siku alipozaliwa, maana alikuwa mwepesi hadi mkunga akaingiwa na wasiwasi. Likamfuata kwenye ukumbi wa balei, na huko likawa sifa. Mwalimu wao, mama mmoja mkali aliyegonga mapigo sakafuni kwa fimbo, alikuwa ameviondoa viti vyote ukumbini isipokuwa chake. "Misuli ikipoa, kazi imekwisha," alisema. Basi wasichana wake walikula wamesimama, wakashona riboni za viatu wamesimama, na waliotaka kulia walilia wamesimama. Unyoya alizoea. Alisimama kwenye ncha za vidole, akarushwa juu na wanaume, akadakwa, mpaka siku goti la kushoto lilipogoma katikati ya mzunguko. Daktari aliliminya, akalipinda, akasema pole.

Akageukia uigizaji. Miaka mitatu ya kwanza alipewa nafasi za watu wapitao: nesi mwenye sinia, jirani aliyekuja kuazima kiberiti. Mara moja aliigiza maiti, na maiti yenyewe ikaonekana ikichezesha vidole vya miguu. Halafu, hivi juzi, mwongozaji mmoja mwenye upara, ambaye chupa ya chai haimtoki kwapani, akampa nafasi kubwa. Mke anangoja habari za mume aliyepotea. Amekaa kitini, simu iko kwenye meza ng'ambo ya chumba. Anangoja kutwa nzima. Mwishoni simu inalia, naye hainuki. Pazia linafungwa.

Maneno yote aliyakariri kwa siku mbili. Kiti ndicho kilichomtoa jasho.

"Umeinuka tena," mwongozaji alisema, mchana wa siku ya kumi na moja ya mazoezi.

"Sikuinuka, mzee. Nimejiweka sawa tu."

"Umejiweka sawa mpaka dirishani?"

Wenzake wakaangua kicheko. Unyoya akarudi kitini, akanyoosha mgongo, akainua shingo, akakaa kwenye ukingo kama mtu aliyeambiwa asikichafue. Kisigino chake kikaanza chenyewe kugonga, moja mpaka nane, moja mpaka nane.

"Kaa kama mtu mwenye uzito, dada yangu. Mwanamke huyu amechoka."

"Lakini mzee, amengoja hiyo simu kutwa nzima. Inalia, halafu asiikimbilie? Kwa nini?"

"Mimi nitajuaje? Nimeletewa mchezo wa mtu asiyeinuka, nami nataka mtu asiyeinuka." Akamimina chai, akainywa bila haraka. "Kesho saa tisa alasiri wenye ukumbi wanakuja kutazama. Usipofika au ukiinuka, nafasi namkabidhi mwenzako. Usinilaumu."

Mwenzake huyo, mwigizaji wa akiba, alikuwa safu ya tatu, amekaa. Alikaa vizuri sana, mwili wote umejimwaga kitini. Unyoya alimchukia kwa moyo mweupe kabisa.

Alirudi nyumbani kwa miguu, akipanda na kushuka ukingo wa barabara. Vyumba vyao viwili vilikuwa ghorofa ya pili. Kimoja kililala yeye na dada yake mkubwa, kingine mama yao, ambaye wiki hiyo kifua kilikuwa kimembana. Akilala chali alikosa pumzi, akiegemezwa mito iliteleza. Kwa siku mbili hakuwa amepata usingizi wa maana. Dada alikuwa amemshikilia mpaka mikono yake ikafa ganzi.

Unyoya akaingia kwa kasi yake ya kila siku. Akafungua dirisha, akakunja shuka, akaosha kikombe, akafunga dirisha.

"Mwanangu," mama akasema kwa sauti nyembamba, "unanitia kizunguzungu."

Dada akamvuta koridoni. "Kesho naenda kufuata dawa hospitali. Utabaki naye."

"Kesho nina onyesho la majaribio, dada. Saa tisa. Ndiyo siku yangu."

"Saa nane nitakuwa nimerudi. Ila usimzunguke kama nzi, tafadhali. Wewe kila siku unakizunguka kitanda, hujawahi kukikalia. Mama anahitaji ukuta wa kuegemea. Hahitaji mcheza balei."

Neno lilimchoma, na lilimchoma zaidi kwa kuwa lilikuwa kweli.

Kesho yake dada aliondoka asubuhi. Unyoya akaipunguza simu yake sauti, akaiweka juu ya kabati karibu na mlango, akavua viatu, akapanda kitandani, akaegemea ukuta na kumweka mama kifuani pake. Dakika tano tu, mguu ukataka kwenda zake. Akaukaza. Mama akashtuka.

"Usijikaze. Umekuwa ubao."

"Samahani, mama."

"Legea. Hapa hakuna anayekutazama."

Akajaribu. Akalegeza mabega, halafu tumbo, halafu lile goti bovu. Lilikuwa jambo la kutisha, kuacha mwili uanguke bila mtu wa kuudaka. Mama naye akashuka taratibu, kichwa kikapata pahali chini ya kidevu chake, na pumzi iliyokuwa ikikwaruza ikaanza kutulia. Saa sita ilipopita, mama alikuwa amelala usingizi wa kweli, mdomo wazi.

Mikono ya mama ilikuwa juu ya shuka, vidole vimepinda kwa miaka ya kushona. Gauni la kwanza la balei aliloshonewa Unyoya lilitokana na pazia la dirishani. Mama alikaa nyuma ya cherehani miaka ishirini ili yeye asimame kwenye vidole, na katika miaka yote hiyo Unyoya hakuwahi kuvuta kigoda akakaa naye. Alipita tu, akambusu, akakimbia. Akaona haya, akaona uchungu, na machozi yakamtoka bila kuyafuta, kwa kuwa mkono ulikuwa chini ya bega la mama.

Saa nane ikafika. Dada hakutokea. Foleni ya dirisha la dawa, bila shaka. Saa nane na nusu. Ukumbi ulikuwa mwendo wa dakika ishirini, kumi na tano akikimbia. Angeweza kumlaza mama juu ya mito, akateremka ngazi. Aliitaka ile nafasi. Tusimpambe, aliitaka kwa roho yake yote, na alijua kwamba katika umri wake haitakuja nyingine. Miguu ilikuwa imekufa ganzi. Kisigino kilikuwa kimya.

Saa tisa na dakika tano simu ikalia juu ya kabati. Akaitazama inavyotetemeka. Ikakoma, ikalia tena.

Mara dada akafungua mlango, anahema, mfuko wa dawa mkononi.

"Simu inalia, wewe! Huisikii?"

"Naisikia, dada."

"Si ndio wao? Mungu wangu, nimekuchelewesha. Inuka, nimshike mimi. Mbio, huenda wakakungoja!"

"Ukimgusa ataamka."

Dada akamtazama mama, akamtazama mdogo wake aliyezama kwenye ukuta, mzito, nywele zimetimka, uso umelowa. Akasogea kabatini. "Niwaambie nini, basi?"

"Iache," Unyoya akanong'ona. "Rudisha mlango polepole."

Simu ikalia mpaka ikanyamaza. Unyoya hakuinuka.