Mayai ya Rangi ya Nafiso

Nafiso aliwasha jiko la makaa baada ya swala ya alfajiri, akalipepea kwa kipande cha katoni mpaka makaa yakashika, kisha akainjika sufuria ya chai. Kibanda chake kilikuwa mtaa wa Waberi, mkabala na mahali ambapo malori ya Habaswein hupakia mizigo, na wateja wake wa kwanza walikuwa madereva na wapakiaji wasiopenda kusubiri. Siku hiyo hakuwa na mboga. Nyanya alizozikuta sokoni jana yake zilikuwa zimepondeka, muuzaji alikuwa mkali, na Nafiso tangu afiwe hakuwa na nguvu ya kubishana na mtu. Alichokuwa nacho ni mayai ya kuku wake mwenyewe, ndani ya beseni.

"Leo ni mayai matupu," alimwambia Mowlid, dereva aliyekuwa akila hapo kila akisafiri.

"Lete hayo hayo," Mowlid alisema. "Majani ni chakula cha mbuzi hata hivyo."

Nafiso alivunja yai la kwanza juu ya kikaango. Ukatoka ute, kikatoka kiini, na nyuma yake zikatoka nyanya mbivu zilizokatwa vipande vidogo. Yai la pili lilikuwa na hoho. La tatu lilikuwa na karoti iliyoparuzwa na majani machache ya dania. Alivichanganya kwa mwiko, akapunguza moto kwa sababu hoho zilikuwa zimekatwa nene na zingechelewa kuiva, akapakua. Sahani ilikuwa nyekundu, kijani, manjano na rangi ya chungwa, kama kitambaa cha arusi.

Mowlid alikula nusu kabla ya kusema kitu.

"Si ulisema hakuna mboga?"

"Hazikuwapo. Zilikuwa ndani ya mayai."

"Haye," alisema Mowlid, akasukuma kikombe ili aongezwe chai.

Kuku wale walizaliwa kwenye shamba la Barre, mumewe Nafiso. Lilikuwa kando ya mto Tana, chini kidogo ya mji, na Barre alilitoa kwenye pori la mathenge kwa panga na mikono yake. Miiba ya mathenge haina huruma. Miaka ile Nafiso alikuwa akimtoa mumewe miiba kila jioni, taa karibu na nyayo, yeye akiuma kitambaa. Ukoo mzima ulimcheka. Baba yake Barre alikuwa mtu wa ngamia kule Ijara, hakuwahi kupanda hata kunde, na ndugu yake Barre, aliyeitwa Ogle, alikuwa dalali wa mifugo mwenye kanzu safi. Ogle alikuwa akisema mbele za watu kwamba Barre ameacha kufuata mifugo akaanza kula chakula chao. Barre aliendelea kulima. Alipanda nyanya, hoho, karoti, vitunguu na mchicha, na Nafiso akafungua kibanda cha kupika alichovuna.

Kisha yakaja mafuriko ya mwaka wa El Nino. Mto ulipanda usiku na mchana, ukaingia mashambani. Barre alivusha kuku kwanza, kwenye tenga, kwa sababu walikuwa wakipiga kelele. Kisha akarudi kufuata pampu ya maji. Mto ukamchukua na pampu yake. Walimpata maji yalipotulia, amenaswa kwenye matawi, wakamzika siku hiyo hiyo.

Nafiso alikaa eda. Mjane akiwa edani hatoki ovyo, na hilo kila mtu alilijua. Ogle alikuja siku moja akaketi nje ya pazia la mlango.

"Shemeji," alisema kwa sauti ya upole, "usijisumbue na habari za shamba. Lile ni la marehemu baba yetu. Barre alikuwa analilima tu."

"Baba yenu hakuwahi kuliona, Ogle."

"Wewe uko kwenye huzuni. Tutaongea."

Hawakuongea. Nafiso alipotoka edani alimshika mkono binti yake Sagal, wakatembea mpaka mtoni, wakakuta ukuta wa mabati. Kupitia tundu la msumari aliona lori likimwaga kifusi cha murram mahali palipokuwa na matuta ya mchicha. Mnunuzi alikuwa mtu wa mbali aliyetaka kujenga maghala, na alikuwa amekwisha kuuziwa. Nafiso alienda kwa wakubwa wa ukoo, akaambiwa asubiri. Alienda ofisini, akaulizwa kama ana hati. Mashamba ya pale mtoni hayakuwa na hati. Yalikuwa na watu wanaojua nani alikata pori gani. Aliambiwa basi awalete hao watu. Hao watu ndio waliomwambia asubiri.

Kwa hiyo mayai yalipoanza kutoka na mboga, Nafiso hakumpelekea mkubwa yeyote habari. Aliacha kununua nyanya. Wateja waliongezeka. Wengine walitaka la hoho, wengine la kitunguu, naye aliwaeleza kwamba hawezi kuchagua, mtu atakula kilichotoka. Daktari wa mifugo alipita, akawashika kuku vifua, akawatazama macho, akasema wana afya nzuri. Aliagiza mayai na anjera, akapata la mchicha, akalalamika kwamba lina chumvi nyingi.

Nafiso alikuwa hajatia chumvi bado. Alionja kilichobaki kwenye kikaango. Mchicha ule ulikuwa na ukali wa chumvichumvi alioujua, ukali wa ile kona ya chini ya shamba, ambako maji ya mto yalikuwa yakisimama na kukauka. Barre alikuwa akiulalamikia kila msimu. Nafiso aliketi kwenye kigoda chake, mwiko mkononi, mpaka mtu mmoja akamwambia chai inamwagika.

Jioni alimpikia Sagal. Mtoto alitafuna polepole.

"Hizi ni za aabo," alisema.

"Ndiyo."

"Yeye mwenyewe atakuja?"

"Hapana, baba yako haji. Ni mboga tu zinazokuja."

Sagal aliitikia kwa kichwa, akamaliza sahani yake, akaenda kulala. Nafiso aliosha kikaango kwa mchanga na maji, na safari hii alilia kwa sauti, jambo ambalo hakulifanya hata siku ya maziko.

Ndipo alipomwendea tena Mzee Khalif, mkubwa wa ukoo wa Barre, mtu ambaye neno lake lilimaliza magomvi ya visima na ya damu. Hakumwomba baraza. Alimwomba aje anywe chai kibandani pake, aje na wazee wenzake, aje na Ogle.

Walikuja asubuhi ya siku ya mapumziko, malori yakiwa yamekwisha kuondoka. Wazee walikuwa watatu, na Ogle alikuwa na manukato. Nafiso aliwanawisha mikono, akavunja mayai mbele yao moja moja, bila kuficha. Zikatoka nyanya, hoho, karoti na vitunguu. Mzee Khalif alivuta sahani yake karibu, akasema bismillahi, akaanza kula. Alisema zimeiva vizuri. Mzee wa pili alisema nyanya za siku hizi hazina ladha kama hiyo.

Kisha Ogle aliacha kutafuna. Aliingiza vidole mdomoni akatoa mwiba, mrefu, mweusi nchani. Aliugeuzageuza kwenye mwanga.

"Mathenge," alisema. "Lile pori la Barre. Nilimwambia aache, atajiua na hiyo miiba. Mtu mmoja na panga! Lakini alikuwa mbishi, wallahi, alilikata lote mwenyewe mpaka likawa shamba."

Aliuweka mwiba ukingoni mwa sahani, akaendelea kula.

Mzee Khalif alifuta mikono. Nafiso alisimama karibu na jiko.

"Ogle," Mzee Khalif alisema, "umesema Barre ndiye aliyelikata pori."

"Ndiyo."

"Na baba yenu?"

Ogle alifikiri. Hakuonekana mtu aliyenaswa. Alionekana kama mtu aliyeulizwa jina la kituo kinachofuata.

"Baba hakufika kule," alisema. "Lile shamba lilikuwa la Barre."

"Basi," Nafiso alisema. "Mmesikia wote. Mimi siombi lote, mzee. Naomba thumuni yangu na nusu ya Sagal, kama Mungu alivyogawa. Kinachobaki achukue yeye."

"Umesema haki," Mzee Khalif alisema. "Sheria iko wazi, haina mjadala. Na Ogle amesema ukweli mbele yetu, na kusema ukweli si jambo dogo. Tumshukuru."

Wazee wengine walimshukuru Ogle. Ogle aliinamisha kichwa.

"Lakini shamba limeshauzwa," mzee aliendelea. "Aliyenunua ni mtu wa watu, na amejenga. Tutamwambia abomoe? Tutatia fitina na ukoo wa watu kwa ajili ya matuta ya nyanya? Lilikuwa la Barre. Sasa si lake. Kilichopita kimepita, binti yangu. Subiri."

Nafiso alitazama nyuso zao. Mzee Khalif hakuwa mtu mbaya. Macho yake yalikuwa na maji. Nafiso alitaka kumwaga sufuria ya chai mapajani mwao. Badala yake alisema, "Na Sagal?"

"Sagal ana ami yake."

Ami yake alikuwa akipangusa sahani kwa kipande cha mwisho cha anjera.

"Kuna jambo moja limebaki," Ogle alisema. "Hizi mboga zinatoka kwenye lile shamba. Sote tumekubali. Na shamba lilikuwa mkononi mwangu kabla sijaliuza, na mimi niliuza ardhi, sikuuza mboga. Kwa hiyo mboga bado ni haki yangu, angalau sehemu."

Wazee walilitazama jambo hilo kwa makini. Mmoja aliuliza kama mboga huhesabiwa pamoja na yai au pamoja na udongo. Walibishana kidogo, kwa adabu. Mwishowe Mzee Khalif aliamua kwamba ili kuepusha chuki ndani ya familia, Ogle achukue nusu ya kuku. Nafiso alibakiziwa nusu, na waliona hilo ni jema kwake, kwa sababu kuku ni wengi kwa mtu mmoja.

Ogle aliwachukua siku ile ile. Aliwafunga miguu, akawaweka nyuma ya gari lake. Mmoja aliangusha yai barabarani, likapasuka, likaacha kitunguu juu ya lami.

Nafiso aliomba jambo moja tu usiku ule baada ya isha. Aliomba kwamba kule kwa Ogle wale kuku watage mayai matupu, au mawe, au wasitage kabisa. Aliliomba kwa muda mrefu, paji la uso likiwa chini kwenye mkeka.

Wiki iliyofuata, kibanda kikiwa hakina watu, Maka mke wa Ogle alikuja amejifunika vizuri, akasimama pembeni kama mtu asiyetaka kuonekana. Nafiso alimpa kigoda.

"Kuku wanaendeleaje, abaayo?"

"Wanataga," Maka alisema. Hakumtazama usoni. "Wanataga sana. Nyanya kubwa hivi. Hoho. Jana kulikuwa na biringanya."

Barre hakuwahi kufanikiwa kuotesha biringanya, alijaribu misimu mingi.

"Ila mimi sijazoea majani," Maka aliendelea. "Mchicha unatoa maji, mayai yanakuwa kama uji. Ogle amekasirika. Anasema ya kwako hayakuwa hivyo. Nimeona aibu kuja, lakini nani mwingine anajua?"

Lori moja lilipita likielekea upande wa mto, limejaa mawe. Nafiso alingoja vumbi litue. Kisha alivuta kikaango, akakiweka jikoni, akatia mafuta.

"Sogea hapa uone," alisema. "Ukivunja, toa kwanza mchicha, ukamue kwa mkono. Usiuonee huruma, kamua mpaka maji yaishe. Kitunguu kitangulie kwenye mafuta, halafu hoho, kwa sababu ni ngumu. Nyanya baadaye. Mayai yawe ya mwisho, na ukishayamwaga usiyavuruge, yaache yashike."

"Na moto?"

"Mdogo. Ukiwa mkubwa, rangi zote zinageuka kahawia."

Maka alirudia maneno hayo kwa midomo yake, mara moja, kisha tena, ili asiyasahau njiani.