Chakavu Airudisha Nyumba ya Mama

Walimwita Chakavu kwa sababu ya kazi yake. Mpe ukuta uliopakwa rangi jana, kesho anakurudishia ukuta wa mwaka arobaini na saba, wenye moshi, unyevu na alama za migongo ya watu. Tangu ujana alikuwa akizitafutia filamu nyumba na kuzipamba, na sasa alikuwa amechoka kiasi kwamba hata uchovu wenyewe ulishamzoea.

Wiki hiyo mwenye nyumba waliyoitegemea aligeuka dakika za mwisho. Mwongozaji wa filamu akaja juu, akatishia kutafuta mtu mwingine wa kazi hiyo. Chakavu, hoi, akajikuta anasema, "Ipo nyumba ya mama yangu."

Mama hakukataa. Macho yake yalishakwisha, mchana akiutambua kwa joto tu, lakini aliishi peke yake na hakutaka kusikia habari za kuhamia kwa mtu. Kuongozwa kwa mkono alikuchukia kuliko ugonjwa. Ndani ya nyumba ile alijiendea mwenyewe kwa kupapasa vyombo.

"Fanyeni mtakavyo, mwanangu," alisema akienda kukaa kwa dada yake. "Ila kila kitu kirudi pale pale. Mimi natembea kwa hivyo vitu."

"Mama, si ndiyo kazi yangu hiyo?"

Kweli ndiyo. Kila nyumba aliyoingia, kabla hata kigoda hakijasogezwa, Chakavu aliipiga picha kila pembe, na akimaliza kurudisha vitu, mwenye nyumba haoni tofauti hata ya kitambaa cha meza. Lakini hapa ni kwao. Fundi wa taa alipomuuliza picha ziko wapi, alicheka, bado yuko barazani na vijana ndani wameshaanza kutoa vyombo vyote nje. "Nipige picha kwetu? Hapa hata ukinifumba macho napita."

Walirekodi, wakafungasha, wenzake wakaenda zao. Yeye alibaki kupanga, kiuno kikimwuma, hakutaka mtu mwingine aguse. Kiti cha marehemu baba karibu na mlango. Meza katikati. Kabati upande wa dirisha. Akarudi nyuma, akatazama, akaridhika. Ilikuwa zamani sana tangu kazi impe raha namna ile.

Mama akaletwa. Akavua viatu, akaingia kwa haraka za mtu aliyepakumbuka kwake, na papo hapo goti likagonga kiti. Akageuka, bega likajigonga kwenye kabati. Akasimama katikati ya sebule, mikono mbele, asijue aende wapi.

"Mama, nimepanga vile vile!"

"Umevipanga kama ulivyoviacha wewe ulipohama," mama alisema polepole. "Macho yalipoanza kwenda nilivihamisha vyote. Utajuaje, na wewe unaishia barazani? Unanipa mfuko, unasema una haraka."

 Chakavu aliona aibu mpaka masikio yakamwaka moto.

"Niambie vilikuwa wapi, Mama. Navirudisha sasa hivi."

"Nikuambie nini? Nilivisukuma kidogo kidogo, leo hiki, kesho kile, mpaka miguu ikazoea. Nitaanza upya tu."

Mama alisikiliza, labda sauti itamwonyesha ukuta uko wapi. Halafu, shingo upande, akanyoosha mkono hewani mpaka ukakipata kiwiko cha mwanawe.

"Haya," alisema. "Nipeleke chooni."