Foleni Mbele ya Pango la Barafu

Ugomvi wote ulikuwa wa kisanduku, kwa hiyo nianze na kisanduku.

Vijana wa mtaa wa Luyanó walikuwa na mtandao wao wenyewe. Walipitisha nyaya juu ya mapaa, nyumba hadi nyumba, na nyaya za mtaa mzima zikakutana kwenye kisanduku kimoja chenye vitaa vya kupepesa. Kisanduku hicho kilikaa kwa Eneida, mstaafu wa kiwanda cha viatu, mwanamke ambaye mdomo wake hutangulia miguu kufika. Na palipo na kisanduku ndipo vijana hujazana, maana hapo mchezo haukwami. Wanakuja na kompyuta zao kwapani, wanamaliza maji ya friji, wanapiga makelele kama wako uwanjani. Eneida aliwatukana kutwa nzima na kuwapikia kahawa kutwa nzima.

Binti yake wa pekee alikuwa amehamia Tampa, ng'ambo ya bahari, na alikuwa akipiga simu Jumapili tu. Kabla ya kisanduku kuja, katikati ya wiki Eneida aliweza kukaa sebuleni akaisikia friji ikinguruma jikoni, basi, hakuna sauti nyingine. Hilo hakumwambia mtu, lakini alikuwa akiliogopa kuliko ugonjwa.

Sasa Leovigildo wa ng'ambo ya barabara naye akaamka siku moja akakitaka kisanduku. Huyu alikuwa mjane, mkaguzi wa mabasi wa zamani, mtu wa utaratibu hadi kero. Mtaa mzima ulijua kwamba aliwahi kumshusha kaka yake wa kuzaliwa kwenye basi, mvua inanyesha, kwa kosa la kuruka foleni.

"Nyumba yangu ina feni mbili," aliwaambia vijana. "Ina roshani yenye upepo. Na mimi sitoki, kisanduku hakitaachwa peke yake."

"Na mimi natoka naenda wapi?" Eneida akamaka. "Dansini?"

Vijana wakabaki njia panda. Hakuna aliyetaka kumuudhi mzee yeyote kati ya hao wawili. Ndipo Yusnier, kijana aliyezitunza nyaya, akatoa wazo la kihuni kabisa: waamulie kwenye mchezo.

Mchezo wenyewe waliuita Kisiwa cha Majivu. Mnaingia wengi pamoja, kila mtu na kijimtu chake, mnakata kuni, mnavua, mnajenga vibanda na kupambana na majira. Masika si kitu. Shughuli ni kiangazi. Nyasi zinawaka zenyewe, visima vinakauka, na ukisimama juani unakuwa mwekundu, kisha unafuka moshi, kisha unaanguka, na habari yako imekwisha mpaka msimu upite.

"Kiangazi ndicho hiki kimeanza," Yusnier alisema. "Shangazi Eneida na Mzee Leovigildo waingie wote wawili. Atakayeanguka wa kwanza amekosa. Mwenzake anachukua kisanduku."

Wazee wote wawili wakakubali hapohapo, kila mmoja akidhani mwenzake ni bwege.

Eneida aligundua mapema mambo mawili. La kwanza ni kwamba kaskazini mwa kisiwa kuna pango ambalo kila alfajiri hutoa barafu, na barafu hiyo ndiyo uhai. La pili lilimfurahisha zaidi. Mchezaji akikatikiwa umeme, kijimtu chake hakipotei. Hubaki kimesimama hapohapo, macho yamefumbwa, jua halikidhuru, na yeyote aweza kukiburuta kokote atakako. Na alasiri, ng'ambo ya barabara kuu, umeme ulikuwa unakatika bila kukosa. Mtaa wa akina Eneida, na Leovigildo humo humo, ulisalimika kwa kuwa ulishika laini moja na kiwanda cha mikate. Hesabu basi mwenyewe ni vijimtu vingapi vilivyobaki vimelala kisiwani huku wenyewe wakijipepea gizani.

Siku hiyo Eneida aliwahi pangoni, akazoa barafu yote, begi likavimba. Umeme ulipokatika kule, akaanza kuburuta watu.

"Shangazi, unafanya nini?" Yusnier akauliza akimchungulia begani.

"Napanga foleni."

Akawapanga mbele ya mlango wa pango mmoja nyuma ya mwingine. Mwenye kofia nyekundu akawa wa kwanza. Mwingine alimgeuza amtazame wa nyuma yake, maana hakuna foleni duniani isiyo na mtu aliyegeuka kusengenya. Wa mwisho akamweka mmoja aliyevaa kinyago cha samaki. Vijana walikuwa wameacha michezo yao, wamemzunguka, wanabana vicheko.

"Lakini mzee si ataona wamelala?" Yusnier alisema. "Atapita zake tu."

Eneida alimtazama kwa huruma. "Mwanangu, Leovigildo aruke foleni? Bora umwambie atembee uchi barabarani."

Kisha akakificha kijimtu chake, kile cha kilemba cha bluu, nyuma ya jiwe, karibu kabisa na yule mwenye kinyago. Katika mchezo huo maneno unayoandika huelea juu ya mahali ulipo, bila jina. Ukijibanza vizuri, mwenzio atadhani kasema jirani yako.

Haukupita muda, Leovigildo akatokea bondeni na fimbo yake. Alipoiona foleni akasimama wima. Alikuwa anaandika kwa kidole kimoja, herufi kubwa zote.

NANI WA MWISHO?

"Mimi," Eneida akaandika kutoka nyuma ya jiwe. Leovigildo akajipanga nyuma ya kinyago cha samaki, na sebuleni vijana wakajiuma ngumi wasicheke kwa sauti, kwa kuwa ng'ambo ya barabara madirisha yalikuwa wazi.

Na hapo ndipo utamu wenyewe ulipokuwa. Sheria ya foleni pale mjini kila mtu anaijua. Ukishapata wa kukufuata, uko huru. Nenda kivulini, nenda kanywe kahawa, hata nenda kaoge, nafasi yako ipo. Lakini aliye wa mwisho hana pa kwenda. Lazima asimame mpaka aje mwingine wa kumpokea umwisho wake. Akiondoka kabla, atakayekuja atauliza na asijibiwe, na foleni nzima imevunjika kwa kosa lake. Leovigildo sasa ndiye aliyekuwa wa mwisho, mbele ya pango lisilo na hata chembe ya barafu, na nyuma yake hapakuwa na wa kuja.

Jua la kisiwani likapanda. Leovigildo akaanza kuwa mwekundu masikioni.

"Anaiva!" kijana mmoja alinong'ona.

"Mwache aive," alisema Eneida akijipepea. "Anataka kisanduku huyo. Feni mbili! Azitumie sasa."

LEO FOLENI HAIENDI, Leovigildo aliandika. Akaandika tena: LAKINI MMETULIA. HAKUNA ANAYESUKUMA. NAWAPONGEZA.

Vijana walikuwa hoi, mmoja ameanguka chini ya meza. Eneida mwenyewe machozi ya kicheko yalimtoka hadi akavua miwani. Alipoivaa tena, maneno mengine yalikuwa yanaelea juu ya mzee, polepole, herufi moja moja.

MIMI NA ZORAIDA TULIKUWA TUNAPANGA FOLENI PAMOJA. YEYE MKATE MIMI SAMAKI. TUNAPIGIANA KELELE TOKA HUKU HADI KULE.

Kisha: TANGU AFARIKI SISEMI NA MTU MPAKA JIONI. LEO WALAU NIKO NA WATU.

Eneida aliacha kujipepea. Roho ilimuuma, tena ilimuuma kwa hasira, kwa sababu hakuwa ameomba kuambiwa hayo. Yeye alikuwa na adui mzuri, mwenye feni mbili na majivuno, na sasa adui huyo alikuwa anamharibia kazi. Kijimtu cha mzee kilianza kufuka moshi mabegani. Kisanduku kilikuwa hatua moja tu.

"Shangazi, umeshinda!" Yusnier alisema. "Dakika hii hii anaanguka."

"Nyamaza wewe."

Akakitoa kijimtu chake nyuma ya jiwe, akazunguka kwa mbali, akaja kwa njia ya bondeni kama mtu aliyetoka safari. "Nani wa mwisho?" aliandika.

MIMI. KARIBU ENEIDA.

Sebule nzima ikaguna. Eneida akajipanga nyuma yake, juani. Sasa wa mwisho alikuwa yeye, na mzee alikuwa huru kwenda zake. Unadhani alikwenda? Hata! Alishapata mtu aliye macho, akaanza maongezi.

NILIKUWA NAWAAMBIA HAWA KUHUSU SAMAKI WA MWAKA ULE.

"Nenda kivulini," Eneida aliandika. "Nakushikia nafasi."

WALIKUWA WAKUBWA. ZORAIDA ALISEMA

"Nenda kivulini, mzee!"

Lakini mtu anayeandika kwa kidole kimoja macho yake yako kwenye vitufe. Hasomi chochote mpaka amalize sentensi yake. Sikio la kufa halisikii dawa. Moshi ulimfika kichwani. Eneida akaruka kutoka kitini, akatoka hadi roshani, akashika ukingo wa chuma kwa mikono miwili.

"Leovigildo! Weee Leovigildo!"

Mzee akatokea roshani ya ng'ambo amevaa fulana tu, miwani juu ya paji la uso. "Nini? Moto?"

"Wewe ndiye moto! Unaungua! Nenda kivulini, mimi si niko nyuma yako?"

"Kwa nini unanihurumia?"

"Nani kakuhurumia? Unanikera tu hapo ulipo! Ondoka!"

Muuza vitunguu chini barabarani alisimamisha mkokoteni wake atazame. Leovigildo alifikiri kidogo, akaingia ndani. Eneida alibaki roshani akivuta pumzi, na nisikufiche, alijisikia vizuri. Upepo ulikuwa unapita. Akafuta shingo kwa aproni, akamwambia muuza vitunguu aendelee na kazi zake, akamuuliza kwanza vitunguu ni vya lini. Huko ndani walikuwa wanapiga mayowe muda wote huo, lakini nyumba yake ilikuwa ya mayowe kila siku, hakujali.

"Shangazi! Unafuka! Tumia barafu! Shangazi!"

Alipoelewa, alikimbia hata kandambili moja ikabaki mlangoni. Alifika kwenye kompyuta wakati kilemba cha bluu kinagusa ardhi. Begi lake likapasuka, na barafu ya pango zima ikamwagika na kung'aa mchangani, mbele ya foleni ya watu waliolala. Kivulini, chini ya mwamba, Leovigildo alikuwa amesimama mzima, anatazama.

Hakuna aliyecheka. Yusnier alikuna kichwa.

"Mchimba kisima huingia mwenyewe," Eneida alisema kabla hawajamwambia. "Chomoa kisanduku. Nakipeleka mimi."

"Shangazi, tungoje hata kesho..."

"Nimesema chomoa."

Walivuka barabara kwa msafara, Eneida mbele, kidevu juu, kisanduku kifuani, vijana nyuma na nyaya zao kama wanaotoka mazikoni. Nyumba ya Leovigildo ilikuwa safi mno. Viti vilivyozunguka meza vilikuwa vimefunikwa nailoni, isipokuwa kimoja.

"Haya, chukua," Eneida alisema bila salamu. "Chukua kabla sijabadili nia."

Mzee hakunyoosha mkono. "Nimeiona barafu."

"Barafu gani?"

"Begi zima, Eneida. Mtu mwenye barafu begi zima anakuja kupanga foleni ya barafu kwa nini?"

Yusnier alishikwa na kikohozi cha ghafla.

"Na wale wote walikuwa wamelala," Leovigildo akaendelea.

"Kumbe ulijua!"

"Nimekagua mabasi ya alfajiri maisha yangu yote. Mtu aliyelala namjua hata akivaa kichwa cha samaki."

"Sasa ulikuwa umesimama pale kufanya nini, we mzee?"

"Anayelala kwenye foleni bado yumo kwenye foleni," Leovigildo alijibu kwa ukali, kama anayemkanya abiria. Kisha ukali ukamwisha. "Halafu palikuwa na watu."

Eneida alikikumbatia kisanduku. "Nilitaka kukuunguza," alisema. "Nyumba ile bila hawa watoto siiwezi, Leovigildo. Siiwezi kabisa."

"Najua. Ulikuwa unaniunguza vizuri tu. Kisha ukaja nyuma yangu." Akamgeukia Yusnier. "Rudisha kisanduku kilipotoka. Mimi ndiye ningeanguka wa kwanza. Ushindi wa kushikiwa nafasi siuchukui."

Mayowe yaliyofuata yalimwamsha mbwa wa ghorofa ya chini. Yusnier alimpokonya Eneida kisanduku, vijana wakateremka ngazi mbiombio, na kutoka barabarani wakawa wanamwita: "Shangazi, njoo! Shangazi, tunaanza upya!"

Walipokwisha kuvuka, ilisikika friji ya Leovigildo ikinguruma jikoni. Eneida aliisikiliza. Kisha akavua nailoni kiti kimoja, akaikunja, akakaa, ingawa hakuna aliyemkaribisha.

"Wanakungoja," alisema Leovigildo.

"Waache wangoje. Hebu niambie, kahawa ya nyumba hii hunywewa au hutazamwa tu?"

Leovigildo alifungua kabati, akapapasa hadi nyuma kabisa kutafuta kikombe cha pili, na alipokipata ilibidi akioshe vumbi kwanza.