Mfereji Uliochimbwa Mapema

Bwana Henrik, mtaalamu wa wafadhili, alisimama juu ya mteremko wa Rebero, akatazama mfereji, akatazama tableti yake, akautazama tena mfereji.

"Fomu ya kuombea mawe inataka picha ya mmomonyoko," alisema kwa Kiingereza. "Hapa siuoni."

"Huuoni kwa sababu wameuzuia," alijibu Annah. Yeye ndiye aliyemleta kutoka ofisini Kacyiru. Ndiye pia aliyewaahidi watu wa hapa mawe ya kujengea mfereji kabla ya mvua za Machi. Walifurahi hivi kwamba Jumamosi ya umuganda, siku ya kazi za pamoja, mtaa mzima ulitoka na majembe ukauchimba, ili mawe yakija yasisubiri mtu.

Nyumba ya mama Illuminée ilikuwa chini kabisa. Mvua zilizopita zilimwangushia jiko. Bila mawe, maji yangeula udongo ule kwa wiki mbili na kumrudia.

"Mgeni anasemaje, mwanangu?" aliuliza Illuminée.

"Anasema hamjaharibikiwa vya kutosha, mama."

"Eh! Mwonyeshe jiko langu."

"Nimemwonyesha. Anasema ni jipya."

"Ningepika wapi, kwenye fomu yake?"

Henrik alikohoa. "Labda wafukie sehemu ndogo tu? Nipige picha, kisha wachimbe tena."

Annah alimgeukia. Moshi wa viwanda vya kina Henrik ndio uliozivuruga mvua za huku, na sasa Illuminée atoe ushahidi kwamba amelowa!

"Hilo silitafsiri," alisema.

Lakini Illuminée alikuwa ameiona mikono ya mgeni ikifukia hewa. "Anataka tufukie? Mwambie Machi aje alale jikoni kwangu na hiyo kamera." Akageukia nyumba ya jirani. "Jean-Bosco! Yale mawe ya ukuta wako wa zamani yapo?"

"Yapo! Lakini hayafiki mita sita."

"Anzia hapo juu ya nyumba yangu."

Mfereji ulikuwa wa mita arobaini. Annah alivua viatu vya ofisi akaenda kubeba mawe. Alipogeuka, Henrik alikuwa ameinua tableti, uso umemng'aa.

"Safi sana! Ushiriki wa jamii! Kwa hili fomu ina ukurasa."

Annah alimwekea jiwe kifuani. Tableti ikaingia kwapani haraka. Henrik akayumba, akasema neno.

"Anasemaje tena?" Illuminée aliuliza kwa uchovu.

"Anauliza aliweke wapi."

"Siku nzima ya leo, hilo ndilo swali lake la kwanza la maana. Mwonyeshe."