Mkate Usiotiwa Sukari

Mume wangu Kiama husikia anachotaka kusikia. Daktari pale Kitengela alimwambia sukari yake iko juu, na kwamba isipoteremka kidonda cha kidole chake cha mguu hakitapona, na kisipopona watakata. Yeye alirudi nyumbani na bandeji yake akauliza chai iko wapi. Sikio la kufa halisikii dawa, lakini mimi sikuolewa ili nizike mtu kwa ajili ya vijiko vya sukari. Mama yake, Wacuka, alianza hivyo hivyo. Kidole, kisha wayo, kisha mguu hadi gotini, na tukamzika kijijini kwao, Kangema, bila mguu huo. Nilikuwa naogopa, na mimi nikiogopa huwa mkali.

Nikasafisha jikoni. Sukari, jamu, soda na biskuti zote nikampelekea jirani yangu Shirleen, ambaye ana vijana wanaokula kama siafu. Kitu kimoja tu kilinishinda, nacho ni mkate wa ndizi wa Jumamosi. Mama yake alimpikia mkate huo tangu utotoni, kwenye sufuria yenye makaa juu ya kifuniko, na Kiama akiukosa hununa mpaka Jumatatu. Basi nikasema ataupata, ila utakuwa wangu. Unga wa atta, ule wa ngano isiyokobolewa, badala ya ule mweupe, maziwa lala, yaani mtindi, badala ya siagi, mayai mawili, mdalasini, baking powder, na ndizi chache zilizoiva vizuri. Sukari, hata punje. Dada wa lishe pale kliniki alisema mkate wa namna hiyo una nusu ya kalori za ule mwingine, nami nikaamini.

Binti yetu wa pekee akaja kunisaidia. Kwenye cheti anaitwa Valerie Wacuka. Kwetu Wakikuyu binti wa kwanza hupewa jina la mama ya baba, na si jina tu; watu husema nyanya amezaliwa tena. Baba humwita mtoto huyo "Mami". Wageni humletea zawadi kana kwamba wamekuja kumwona mama mzee. Mke wa nyumba naye anatakiwa amheshimu kama mama mkwe, na hapo ndipo nilipokataa. Wacuka alinisema mpaka siku anakufa kwamba namlisha mwanawe chakula kisicho na ladha. Sasa nimnyonyeshe, nimwoshee nepi, halafu nimpigie na magoti? Mimi nilimwita Val. Kiama alimwita Mami. Mtoto aliitika yote mawili, na mama mkwe alikufa kabla Val hajajua kusema hata "maji".

Jumamosi hiyo Val alipanda juu ya kigoda kando yangu, akanyoosha mkono achukue mwiko. Kabla ya kuushika alitema mate mepesi viganjani, tu, tu, akavisugua pamoja. Ndivyo wazee wetu wanavyobariki, lakini mtoto wa estate ya Kitengela, anayejua katuni tu, aliona wapi?

"Wewe! Wacha uchafu," nikamwambia. "Enda uoshe mikono."

Akanitazama kama mtu anavyomtazama msichana asiye na adabu. Akaenda, akanawa, akarudi, akaanza kukoroga. Alikoroga kwa mkono wa kushoto. Val huandika kwa kulia, hula kwa kulia, hata kofi hupiga kwa kulia. Nilimjua mtu mmoja tu aliyekoroga kwa kushoto vile, kiwiko kikiwa juu, kama anayefukuza kuku.

Mkate ulipotoka kwenye oveni Kiama akakata kipande, akatafuna, akafumba macho.

"Nyakio," akasema, "hii ni ya mama yangu kabisa."

Nilionja. Ulikuwa mtamu hadi meno yakauma. Kabla ya kulala akapima damu kwa mashine yake ndogo, na sukari ilikuwa imepanda kuliko siku tuliyotoka kliniki.

Nikalaumu ndizi. Jumamosi iliyofuata nikatumia ndizi ambazo hazijaiva sawasawa, zile ambazo mkate wake hauna tofauti na kadibodi. Val akaja bila kuitwa, akapanda kigoda, akakoroga kwa kushoto. Mkate ukatoka mtamu kuliko wa kwanza. Nikamgeukia Kiama. Nilimpekua mifuko ya koti nikitafuta peremende, nikanusa kikombe chake, nikafungua hata sanduku la vifaa vya gari.

"Naapa mbele ya Mungu, sijakula kitu ingine," akasema.

"Basi sukari imetoka wapi? Imeanguka na mvua?"

Kitengela haikuwa imeona mvua kwa muda mrefu, upepo ulikuwa unaleta vumbi mpaka ndani ya vikombe, na yeye hakucheka. Nilipofungua bandeji, kingo za kidonda zilikuwa zimeanza kuwa nyeusi. Nilienda kulia bafuni, maji yakiwa yamefunguliwa.

Maziwa lala hutuletea mama mmoja Mmaasai anayetoka upande wa nyuma ya estate. Kila mtu humwita Koko, yaani nyanya kwa Kimaa. Watoto wa hapa wamejifunza desturi ya kwao: mtoto humwinamishia mkubwa kichwa, mkubwa anamgusa utosini, na salamu imekwisha. Val huipenda sana, hukimbia hadi getini na kichwa tayari kimeinama.

Wiki hiyo Koko alipofika, Val hakukimbia. Alitembea polepole, akisimama kila hatua, kama mtu mwenye mguu unaomuuma. Alifika mbele ya Koko na hakuinama. Koko alikuwa amekwisha kunyoosha mkono. Akauangalia uso wa mtoto, kisha akaurudisha mkono wake kwenye shuka.

"Takwenya," akasema. Ni salamu ya kumpa mwanamke mtu mzima.

"Iko," Val akajibu, vile wanawake wa Kimaasai wanavyoitika.

Koko alinipa mtungi bila kunitazama. "Mama Val," akaniambia, "huyu usimkemee. Na usimwache na njaa."

"Huyu? Amekula mayai asubuhi."

"Si yeye nasema," akajibu, na akaenda zake. Wiki zilizofuata alikuwa anaacha mtungi nje ya geti.

Jumamosi nyingine mtoto wa mwisho wa Shirleen alikuwa na birthday, na Val akaenda huko mchana kutwa. Nikaoka peke yangu. Mkate ulitoka kama nilivyoukusudia tangu mwanzo, mwepesi, wa kahawia, una harufu ya mdalasini na ladha ya ndizi isiyopiga kelele. Nilifurahi mpaka nikajipongeza kwa sauti. Kiama alikula nusu kipande akasukuma sahani.

"Hii ni ya nani?"

"Ni yangu."

"Ni sawa," akasema, kwa sauti ya mtu anayesoma tangazo la mazishi. Alipopima, sukari ilikuwa imeshuka. Nikaangalia ile mashine, nikakiangalia kile kigoda kitupu jikoni. Ndizi hazikuwa na makosa, wala mifuko ya Kiama. Kila mkate mtamu aliukoroga mtoto wangu.

Ningeweza kumfungia nje ya jikoni. Nilijaribu, siku mbili. Alisimama nyuma ya mlango bila kulia wala kubisha, na kila nikipita nilisikia akipumua, pumzi ndefu za mtu mzee. Jumamosi ilipofika nikamwachia mlango wazi. Nilitaka kuona kwa macho yangu.

Nikachanganya kila kitu mwenyewe, nikaonja kwa ncha ya kidole. Unga, maziwa, ndizi, basi. Upepo ulikuwa unapiga mabati ya nyumba ya pili. Val aliingia, akanawa mikono, akapanda kigoda, akatema mate viganjani. Safari hii sikumkemea. Alikoroga mara chache tu kwa mkono wa kushoto, kiwiko juu. Nikachovya kidole tena nikakipeleka mdomoni, na ulimi ukajaa utamu kama nimekunywa sharubati.

"Val," nikamwita.

Hakugeuka.

"Val! Naongea na wewe."

Mwiko uliendelea kuzunguka. Nilijua ni jina gani linalotakiwa na sikutaka kulitoa. Kisha nikasikia Kiama akichechemea sebuleni, akivuta ule mguu, na nikakumbuka jeneza la Kangema.

"Mami," nikasema.

Mwiko ukasimama. Akageuka. Uso ulikuwa wa Val, mashavu ya Val, pengo la jino lililong'oka juzi. Macho yalikuwa ya mtu aliyengoja muda mrefu.

"Nĩ mũhũtu," akasema.

Yaani, ana njaa. Val hajui Kikikuyu, hatukuwahi kumfundisha.

"Nani ana njaa, Mami?"

"Kiama wangu. Mwaka ule wa ukame, wa mahindi ya njano ya msaada, alilala njaa, akalia mpaka sauti ikaisha. Nilikuwa na ndizi moja. Nikaenda kuomba sukari kwa watu, nikamsagia. Akakula akaniuliza, 'Mami, imeisha?'" Mtoto aligusa ukingo wa bakuli. "Bado ninamsikia akiuliza."

Hasira zangu zote na yule mama, za miaka, hazikupata pa kusimama. Nilipiga magoti kwenye sakafu yangu mwenyewe.

"Mami, ameshiba. Sasa ni shibe ndiyo inamuua. Mguu wake ni kama wako. Tafadhali."

"Si wewe utaniambia," akajibu. "Aseme mwenyewe."

Niligeuka nimwite, kumbe Kiama alikuwa amesimama mlangoni, ameshika fremu kwa mikono miwili. Machozi yalikuwa yanamtoka na hakuyapangusa.

"Ulikuwa unajua," nikamwambia.

"Tangu ile ya kwanza."

"Na ukaendelea kukula?"

"Nyakio, ni mama yangu. Ameniwekea chakula. Ningemwambia nini?"

"Umwambie una mke! Umwambie uko na mtoto! Ama unataka tuoshe kidonda mpaka kiishe na wewe uishe?" Nilikuwa napiga kelele, na sioni haya hata leo.

Alitazama mguu wake. Kisha akaja akijivuta, akachuchumaa mbele ya kigoda, na najua maumivu aliyoyapata kukunja kile kidole. Akaongea Kikikuyu, taratibu, kama anavyoongea mtoto aliyetumwa ujumbe na anaogopa kuusahau. Alimwambia mama yake kwamba ndizi ile ilimfikisha hadi leo. Kwamba tangu mwaka ule hajalala njaa tena. Alipofika kwenye neno la mwisho aliinua uso, akamtazama. Akasema ameshiba.

Mkono wa kushoto wa mtoto, wenye unga, ulishuka ukatua kichwani mwake. Ukakaa hapo. Upepo ulikuwa umetulia na sikusikia hata mabati.

Kisha yale macho yakanigeukia mimi, niliyekuwa bado nimepiga magoti.

"Haya," akasema. "Mpe yako."

Mwiko ukaanguka sakafuni. Val akaruka kutoka kwenye kigoda, akajifuta kwenye gauni, akauliza kama anaweza kwenda kucheza kwa kina Shirleen. Aliufungua mlango kwa mkono wa kulia.

Nilichovya kidole kwenye bakuli. Unga, maziwa, ndizi, basi. Nikawasha oveni, nikaoka. Kiama alikula kipande kizima, akitafuna polepole sana.

"Haina sukari," akasema.

"Haina."

Akalia kama tulivyolia makaburini, kisha akaomba kipande kingine.

Kidonda kimeanza kufunga, ngozi mpya ni ya waridi na laini. Kiama hathubutu kusema "Mami" tena; ikimfika mdomoni huigeuza ikawa Val. Mimi ndiye ninayemwita Wacuka sasa, maana mtu aliyeniachia mwanawe kwa heshima vile siwezi kuacha jina lake lipotee. Kila Jumamosi unga ukiwa tayari, naita kutoka jikoni. Nasikia miguu ikija. Anapanda kigoda, nami nasimama pale nimemshikia mwiko, nikingoja kuona atanyoosha mkono upi.