Cassis Iliyoganda

Tangu aolewe Burgundy, Solenn hakuwahi kuruhusiwa hata kuosha chupa za cassis za mama mkwe wake. Huguette aliitengeneza pombe hiyo tamu peke yake, kwa beri nyeusi za shamba lake, na kila aliyejaribu kumsaidia alifukuzwa kwa ulimi. Lakini Julai ile aliteleza kwenye ngazi za ghala akavunjika mkono, nazo beri zimeiva na ndege wamezivamia. Afanyeje?

"Haya, Mbretoni," alimwambia Solenn, kwa jina la watu wa kwao. "Ukiniharibia, siku ya ubatizo wa mwanao tutanunua ya dukani, kijiji kizima kijue."

Ya dukani! Pale kijijini afadhali akosekane padri.

Solenn akaziloweka beri kwenye mvinyo mwekundu, akazikamua, akatia sukari, akachemsha. Kwa hofu isije ikachacha, akaichemsha tena, na bado roho haikutulia, akaichemsha kidogo zaidi, kisha akaitia chupani.

Siku ya ubatizo ikafika. Wageni wamejaa uani, bilauri mkononi. Katika kila bilauri cassis hutangulia, mvinyo mweupe hufuata juu yake. Solenn akainamisha chupa. Halikutoka hata tone. Akaitikisa. Ndani kitu kikacheza kizimakizima, kama ini la ng'ombe.

"Shemeji, tunywe au tukate kwa kisu?" aliuliza Gaëtan, mdogo wa mumewe. Watu wakaangua kicheko. Solenn alitamani ardhi ipasuke immeze.

Huguette akaja, mkono mmoja bado umefungwa, akaitazama chupa.

"Nipe kijiko kirefu."

Akachota bonge, akalitia kwenye bilauri, akaagiza mvinyo mweupe umiminwe juu yake, akakoroga. Akaonja. Akaonja tena.

"Ulichemsha sana."

"Ndiyo, mama. Niliogopa."

"Beri hizi ukizichemsha sana huganda kama jemu. Mimi yangu ya kwanza ilitolewa kwa nyundo."

"Nyundo yangu," mzee Anselme, mume wa Huguette, akadakia. "Tukala cassis na mkate mpaka Krismasi, vigae vya chupa tukivitema."

"Nani kakuuliza?"

Solenn hakuweza kucheka bado. "Na ladha, mama?"

"Ladha ni ileile ya cassis yangu."

Moyo wa Solenn, uliokuwa juujuu tangu Julai, ukashuka mahali pake. Alifurahi hata machozi yakamlengalenga.

Huguette akamtia kijiko mkononi. "Haya, binti yangu, wagawie wageni. Na huyo Gaëtan mpe wa mwisho."