Alilolisema Bibi kwa Kijerumani

Bibi yangu mzaa baba alikuwa Mjerumani. Alizaliwa Hannelore, akasilimu na kuitwa Noor siku alipoolewa na babu yangu Barakat, fundi wa mitambo ya meli aliyesomea kazi hiyo Hamburg. Aliletwa Mombasa akiwa na miaka thelathini, na hakurudi kwao tena hata kwa maziko ya babake. Walijenga Mishomoroni wakati kiwanja chenyewe kilikuwa bado shamba la mihogo. Kiswahili cha wakwe zake alikijua mpaka akawasahihisha watoto waliozaliwa nacho.

Kijerumani hakukitamka nyumbani. Mimi nilikisomea kwa ajili ya kazi yangu ya mapokezi hotelini, na siku ya kwanza niliyojaribu kumsalimu nacho, nikiwa na furaha kama mtoto, alinitazama kitambo kisha akanijibu kwa Kiswahili, "Rania, nenda katazame maziwa yasifurike." Sikujaribu tena.

Kiharusi kilimpata mwaka jana, mfungo mosi, akiwa na miaka themanini na saba. Siku kumi za mwanzo hakusema kitu. Nyamvula, mama wa Kigiriama aliyekuwa akimuuguza, alimpa daftari na kalamu ya risasi, naye kwa mkono wa kushoto akaandika neno moja, herufi kubwa na zilizopinda: Uwe. Kesho yake akaandika tena. Ukurasa mzima ukajaa uwe, uwe, uwe.

"Nimemuuliza, uwe nini, Bibi?" Nyamvula alituambia. "Ananitazama tu, machozi yanamtoka."

Baba yangu, Mussab, mtoto wake wa pekee, aliuchana ukurasa ule akaukunja na kuutia mfukoni mwa kanzu. "Mama ananiusia," aliniambia kwa sauti iliyokuwa ikivunjika. "Uwe mwema. Uwe na subira. Ulimi umemfia kabla hajamaliza."

Siku ya kumi na moja alinipigia simu kazini. "Mwanangu, omba ruhusa uje. Bibi yako amerudiwa na ulimi, lakini si ulimi wetu."

Nilifika kabla ya adhuhuri. Bibi alikuwa ameegemezwa kwenye mito, nusu ya uso imelala. Alikuwa akizungumza mfululizo, kwa sauti nyembamba nisiyoijua, Kijerumani cha mtoto mdogo. Nilipoketi kitandani alininyamazia, akanikagua uso, kisha akasema, "Mutti." Ndivyo watoto wa kwao wanavyomwita mama.

"Anasemaje?" Baba akauliza.

"Anadhani mimi ni mamake."

"Basi mwitikie," alisema Baba. "Mwache aseme. Nawe tueleze kila neno."

Nikaitika. Tangu siku hiyo nimejiuliza mara nyingi ingekuwaje lau ningekataa.

Alianza na vita. Ulikuwa mwezi wa Aprili, naye alikuwa na miaka minane. Mji wao ulikuwa mdogo, umezungukwa na mito, na wakimbizi walikuwa wakipita kutoka mashariki na mikokoteni usiku na mchana, wengine wamebeba watoto waliokwisha kufa njiani. Kila mtu alijua wameshindwa vita, na aliyelitamka neno hilo alinyongwa. Muuza mikate wao alinyongwa kwenye nguzo ya taa kwa kulitamka. Babake, mwalimu wa hesabu mwenye miwani mizito, alichukuliwa kwenye jeshi la mwisho, la wazee na wavulana wa shule. Wakafungwa kitambaa mkononi na kupewa bunduki moja kwa watu wawili. Siku moja alikuja mbio nyumbani kuchukua soksi. Mkewe akamwambia, "Kaa. Jifiche darini." Akajibu, "Wakinikuta watawanyonga nyote." Akachukua soksi akaenda.

Nilikuwa nikitafsiri sentensi kwa sentensi. Nyamvula alikuwa ameketi sakafuni, mikono mashavuni. Baba alisimama mlangoni.

Kisha, Bibi alisema, wapiganaji wao wenyewe waliondoka. Walivuka mto wakalipua madaraja nyuma yao, ili Warusi wasiwafuate. Watu wa mji wakabaki ndani kama kuku tunduni. Kwa miaka mingi redio ilikuwa imewaambia jinsi Warusi watakavyowafanya wanawake, na usiku wa kwanza tu wa askari wale kuingia, nyumba ya jirani kulisikika mayowe mpaka alfajiri. Asubuhi yake wanawake wakaanza kuteremka mtoni. Hawakuwa wakikimbia. Walikuwa wamevaa vizuri, alisema Bibi, wamewavisha watoto makoti ya sikukuu.

"Wewe pia ulituvisha, Mutti," akaniambia. "Ukatia mawe mifukoni. Mimi nikauliza ya nini, ukasema tunyamaze."

Baba alisogea karibu. "Endelea."

Mamake alikata kamba ya kuanikia nguo. Kipande kimoja alimfungia Hannelore kiunoni, ncha ya pili akajifunga mwenyewe. Kipande kingine alimfunga mkononi, akamwunganisha na mdogo wake wa kiume, mwenye miaka mitatu.

"Jina lake nani?" nikamuuliza, bila kufikiri.

Akanitazama kwa mshangao. "Uwe," akasema. Kwao hutamkwa Uve, lakini huandikwa kama alivyokuwa ameandika.

Niligeuka kumtazama Baba. Sikuhitaji kumtafsiria. Mkono wake ulikwenda mfukoni kwenye ile karatasi, ukabaki huko.

Bibi hakungoja. Waliingia majini wakiwa wameshikana. Maji yalikuwa baridi ya kukata pumzi. Mamake hakusita, alikwenda mbele hadi akatoweka, kamba ikavuta, kisha fundo la kiunoni likafyatuka na kamba ikalegea. Hannelore akapelekwa na mkondo, akadaka mzizi wa mti ukingoni. Uwe alikuwa bado amefungwa mkononi mwake. Kichwa kilikuwa juu ya maji. Alikuwa hai, alikuwa akilia, akimwita Hanne, Hanne. Lakini koti lake lilikuwa zito kwa mawe, na lilikuwa likimvuta dadake kutoka kwenye mzizi kidole baada ya kidole.

Hapo Bibi akainua mkono wake mzima, akauweka mdomoni, akaanza kuuma kifundo cha mkono kwa fizi zake. Akasema maneno matatu.

"Anasemaje?" Baba akauliza.

Alikuwa amesema: Nilifungua kwa meno.

"Rania. Mama anasemaje?"

Nikamwambia Baba, "Anaomba maji."

Mungu anisamehe. Nilitaka dakika moja tu ya kupumua. Nyamvula aliinuka haraka, akamimina maji kwenye kikombe, akamwinua Bibi kichwa na kumpelekea mdomoni. Bibi alipoyaona maji yakimjia usoni alipiga ukelele ambao majirani walitoka nje kuusikiliza. Alikipiga kikombe, akajikunyata ukutani, akapaza sauti, "Sitaki, Mutti! Mimi sitaki kwenda! Nenda na Uwe!"

Nyamvula akaanza kulia. "Nimemfanya nini? Bibi, nimekufanya nini mimi?"

Ikabidi niseme kweli. Niliisema haraka, nikitazama sakafu: kwamba alimfungua mdogo wake kwa meno, akamwona akienda. Aliyemtoa mtoni alikuwa askari wa Kirusi, mmoja wa wale waliokuwa wakikimbiwa, akamfunika kwa koti lake na kumpa mkate. Hilo la askari alilisema baadaye, aliposhusha pumzi, kwa sauti ya mtu anayesimulia ndoto. Na babake alipotoka katika kifungo cha vita baada ya miaka minne, akauliza Uwe yuko wapi, Bibi alimwambia: Mama alikwenda naye.

Baba aliketi kwenye kiti cha Nyamvula. Alikaa muda mrefu, adhana ya alasiri ikasomwa na kwisha, naye, mtu asiyekosa sala ya jamaa, hakuinuka. Mwisho akasema, "Mwambie hivi. Mtoto hana dhambi. Kalamu huinuliwa juu ya mtoto mpaka abaleghe. Alikuwa na miaka minane. Hakuna malaika aliyeliandika jambo hili. Mwambie kwa lugha yake, tena taratibu, asikie."

Nikamwambia. Nilitafuta maneno mazuri kuliko yote niliyofundishwa. Bibi alinisikiliza bila kupepesa jicho, na kwa kitambo nilidhani yamemfika, kwa sababu uso ulitulia.

"Uwe alikuwa na mitatu," akasema.

Nilipomtafsiria Baba neno hilo, aliinamisha kichwa.

Nikajaribu kwa njia nyingine. Nikamshika mkono nikajifanya mamake kabisa. Nikamwambia, Hanne, mimi sikukukasirikia, ulifanya vyema kubaki. Akaunyofoa mkono wake mkononi mwangu.

"Wewe si Mutti," alisema. "Mutti hawezi kusema hivyo."

Akageukia ukutani.

Tangu siku ile alikataa maji. Kijiko kikimkaribia alifumba mdomo. Daktari alikuja nyumbani akamtundikia dripu, Bibi akaing'oa. Wakamfunga mkono kwa bandeji kwenye kitanda ili asiing'oe, na alipouona mkono umefungwa alilia mpaka Nyamvula akaifungua mwenyewe bila kuuliza mtu. "Bora afe," aliniambia jikoni, macho mekundu. "Mimi ni Mkristo, najua nasema dhambi. Lakini bora afe." Nilimwambia nakubaliana naye. Ndivyo tulivyofikia, sisi tuliompenda.

Alikufa siku ya tisa, asubuhi. Nilikuwepo. Ningependa kusema alitulia, au alinitambua, au alirudiwa na neno moja la Kiswahili. Alikuwa akihesabu kwa Kijerumani, moja, mbili, tatu, akifika kumi anaanza upya. Sikujua anahesabu nini, na sikuuliza tena. Katika moja ya hesabu hizo hakufika kumi.

Tulimzika kabla ya alasiri. Watu wa Mishomoroni walijaa, kila mmoja ana wema wa kuueleza: aliyeshonewa nguo ya harusi, aliyelipiwa karo, aliyelala kwake mwezi mzima alipopigwa na mumewe. Baba aliwapokea mmoja mmoja, akiitikia, inna lillahi, inna lillahi. Hakuna tuliyemwambia.

Baada ya khitima, watu walipokwisha kutawanyika, tulikuwa sisi wawili uani tukikunja mikeka.

"Nilipokuwa mdogo," Baba akasema, "alikuwa akinishika mkono kila tukitoka. Si kushika kwa kawaida. Kucha zilikuwa zikiniingia. Nilikuwa na miaka kumi na minne, nina masharubu yanaanza, wenzangu wananicheka, bado ananishika hivyo kwenda sokoni Kongowea. Nikimwambia Mama, unaniumiza, alikuwa hasikii. Maisha yangu yote nimewasimulia watu jambo hilo nikicheka. Nikisema, hakuna mama aliyempenda mtoto kama mimi nilivyopendwa."

"Na ni kweli, Baba."

"Sijui ni mkono wa nani aliokuwa ameushika." Akaukung'uta mkeka vumbi, akaukunja. "Umenitafsiria vizuri, mwanangu. Mimi ndiye niliyekwambia ueleze kila neno. Sikulaumu. Lakini laiti usingekijua hicho Kijerumani."

Alisema bila hasira, kama mtu anayesema kuna joto. Kisha akajitwika mikeka ya msikiti begani akatoka kuirudisha, nami nikabaki uani nikiokota vikombe vya kahawa.